Boga la Kujaza: Lioke Tupu Kwanza

Boga la kujaza huharibika zaidi kwa sababu moja: limejazwa likiwa bichi. Nyama yake ina maji mengi, na motoni maji hayo huishia kwenye wali uliotiwa ndani. Baada ya saa nzima wali umelowa kama uji, na boga lenyewe bado gumu. Kwa hiyo lioke mara mbili, kwanza tupu, kisha likiwa limejazwa.

Tafuta maboga mawili ya ganda gumu, yale yanayovunwa wakati majani ya miti yanapopukutika, kila moja gramu 700 hadi 900. Yanatosha watu wanne, nusu kwa kila mtu, kando ya nyama au kuku. Lililokomaa lina kikonyo kikavu na ganda ambalo ukucha haupenyi kwa urahisi.

Kwenye kukata ndipo watu wanapojikata vidole. Tandika kitambaa chenye unyevu chini ya ubao ili usiteleze, chukua kisu kizito, na uanzie pembeni mwa kikonyo. Usipasue kikonyo chenyewe; ni kigumu kama kuni na hukipotosha kisu. Boga likikataa, litoboetoboe kwa uma na ulitie kwenye maikrowevu dakika 2 au 3. Usiruke kutoboa, maana mvuke ukikosa njia boga hupasuka.

Kwangua mbegu na nyuzi zote kwa kijiko cha chuma. Kisha onja kipande kidogo kibichi. Kikiwa kichungu, tema na utupe boga zima: uchungu huo ni kukurbitasini, ni sumu, na kupika hakuiondoi. Ni nadra, lakini kuonja ni kazi ya sekunde tano.

Kata kipande chembamba mgongoni mwa kila nusu ili ikae bila kuyumba, ila usitoboe hadi ndani. Paka mafuta, nyunyiza chumvi, kisha laza uso chini kwenye trei yenye karatasi ya kuokea. Oka kwa nyuzi joto 200, dakika 30 hadi 40. Mvuke unaonaswa chini ndio unaoivisha. Acha kuoka wakati ncha ya kisu inaingia sehemu nene lakini bado inakazwa kidogo. Likishakuwa laini kabisa sasa, litabomoka ukilijaza. Geuza, subiri dakika 5 mvuke utoke, na ukaushe kwa karatasi ya jikoni maji yaliyotuama ndani.

Boga likiwa ovenini, andaa mchanganyiko. Kaanga kitunguu kimoja hadi kilainike, ongeza punje 2 za kitunguu saumu, kisha uyoga gramu 200 uliokatwa vipande vidogo, moto mkali. Sikiliza kikaango: mwanzoni kinatokota, kwa kuwa uyoga unatoa maji, kikianza kuchachatika maji yamekwisha. Hapo ndipo utie wali uliopikwa vikombe 2, lozi zilizokatwakatwa nusu kikombe, zabibu kavu robo kikombe, mdalasini nusu kijiko cha chai na pilipili manga. Chumvi izidi kidogo kuliko unavyopenda, kwa sababu boga ni tamu na litaimeza. Wapo wanaoongeza yai ili mchanganyiko ushikane. Halihitajiki, jibini iliyokwaruzwa gramu 60 hufanya kazi hiyo na ladha yake ni bora.

Jaza kwa kijiko hadi juu bila kushindilia, la sivyo utapata bonge zito. Rudisha ovenini kwa nyuzi 190, dakika 15 hadi 20. Juu kukianza kukauka kabla ya katikati kupata moto, funika na karatasi ya foili.

Linalobaki litie kwenye friji kabla ya muda wa saa 2 kupita, kwani wali uliopoa mezani huzalisha bakteria. Hukaa siku 3. Ukilipasha, tumia oveni kwa nyuzi 180, likiwa limefunikwa. Maikrowevu hulirudishia maji yale yale uliyohangaika kuyatoa.