Jinsi ya Kuitazama Cenere, Filamu Bubu ya Italia
Kabla ya kuitazama Cenere, iliyoongozwa na Febo Mari mwaka 1916, soma muhtasari wa riwaya ya Grazia Deledda iliyozaa filamu hiyo, kwani hadithi huruka miaka mingi: Rosalia, mwanamke wa kisiwa cha Sardinia aliyezaa nje ya ndoa, anampeleka mwanawe kwa baba wa mtoto kisha anatoweka, na kijana akishakua anamtafuta.

Mwendo ukionekana wa haraka mno, punguza kasi, kwa kuwa filamu za enzi hizo kwa kawaida zilipigwa kwa picha pungufu ya 24 kwa sekunde, kasi iliyozoeleka baadaye. Kisha mkazie macho Eleonora Duse, mwigizaji wa Rosalia, ambaye hakuigiza filamu nyingine yoyote. Usingoje uso wake uisogelee kamera. Mara nyingi yumo kivulini au amegeuka, na uchungu wote (kwa maoni yangu, ndiyo tunu ya filamu hii) umo mikononi mwake.