Minox: jinsi ya kununua na kutunza kamera ya kijasusi bila kuingizwa mjini

Nipo Berlin, na jumapili huwa nazunguka masoko ya mitumba kusaka vitu vya enzi za vita baridi. Washkaji wananiuliza sana kuhusu Minox, ile kamera nyembamba inayopotea kiganjani, so leo tuimalize.

Hatua ya 1: ijue kwanza
Ilibuniwa na Walter Zapp, za mwanzo zilitengenezwa Riga, Latvia, kabla ya vita, bodi chuma cha pua, nzito kweli. Baada ya vita zikawa za Ujerumani Magharibi, bodi aluminiamu. Kama ndo unaanza chukua Minox B, ilitengenezwa 1958 mpaka 1972, zipo kibao.

Hatua ya 2: muuzaji akisema "ya kijasusi", mwambie akuonyeshe karatasi
Minox nyingi zilinunuliwa na watu wa kawaida tu, wenye hela zao. Mimi nilipigwa mwanzoni, jamaa kaniuzia moja imechongwa KGB (majasusi wa Usovieti) ubavuni nikalipa mara tatu ya bei, nafika home naiangalia na lenzi ya sonara, kumbe herufi zimekata juu ya mikwaruzo ya zamani, kingo bado kali, yaani zimechongwa juzi juzi. Maandishi ya kweli huchakaa pamoja na bodi. Bila barua, risiti au historia inayoeleweka, lipa bei ya kamera basi. Ila mnyororo wake ukiwepo uchukue, una vishikizo vya kupimia 20, 24, 30 na 40 sm, ndo walikuwa wanapimia umbali wakipiga picha nyaraka.

Hatua ya 3: ijaribu hapo hapo
Vuta bodi ifunguke, sukuma ijifunge, isikwame. Weka spidi 1/2 (nusu sekunde) usikilize, shata, kile kipazia kinachoruhusu mwanga kufika kwenye filamu, ikikokota au ikigoma kujifunga jua inataka fundi, na fundi wa hizi si rahisi kumpata. Mita ya mwanga ya B haina betri, inatumia seleniamu inayotoa umeme ikipigwa na mwanga, sindano isipocheza kwenye mwanga imekufa, punguza bei, picha bado itapiga.

Hatua ya 4: kutunza
Usiiache kwenye kile kipochi cha ngozi jamani, ngozi inashika unyevu. Tenga kipochi, kamera iweke kwenye boksi la plastiki linalofunga vizuri pamoja na vipakiti vya silika jeli vya kunyonya unyevu, halafu gizani. Walio Tanga na Mombasa hapa msifanye mchezo, ukungu wa fangasi ukishaingia kwenye lenzi unakula kioo chenyewe. Minox C inatumia betri, itoe. Usipolishi, usipulizie mafuta, futa na kitambaa laini kikavu tu. Namba ya bodi, tarehe na ulikonunua andika kwenye daftari, sio kwenye kamera.

Na ukikuta kaseti ya filamu bado imo ndani, usiichungulie. Itoe gizani, ifunge isipate mwanga, mpelekee mtu anayesafisha filamu za zamani, maana negativu zake ni milimita 8 kwa 11 na ukishaziunguza ndo basi.