Namna ya Kuomba Zuio la Muda la Shamba Liangaliwe Upya

Amri ya zuio la muda, yaani ya kukukataza kwa muda kulitumia shamba lenye mgogoro, ikitolewa kwa kusikilizwa upande mmoja tu, itii kwanza, kwani kuikaidi ni kudharau mahakama. Kisha wasilisha kwa mahakama iliyoitoa, ambayo Zanzibar mara nyingi ni Mahakama ya Ardhi iliyoanzishwa kwa Sheria Namba 7 ya 1994, ombi la kuiondoa au kuirekebisha. Uzito wote umo katika hati ya kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi uliyoyaapia: eleza alichokificha aliyeomba zuio, ambatisha nyaraka zako za ardhi, onyesha hasara. Mwenye mikarafuu Wete, kwa mfano, aeleze kwamba karafuu isipochumwa kwa wakati huchanua na kushuka thamani, na aombe angalau ruhusa ya kuchuma, fedha za mauzo ziwekwe mahakamani. Ombi dogo kama hilo, kwa maoni yangu, ni rahisi zaidi kulitetea.