Somo: Kuokoa sauti kwenye tepu za zamani na kuitumia kwenye filamu

Nimejibu hili hadi nimechoka. Atakayeuliza tena ataletwa hapa.

1. Piga picha boksi na lebo, hata maandishi ya penseli.

2. Safisha vichwa vya mashine (sehemu zinazosoma tepu) na njia nzima ya tepu.

3. Jua aina ya tepu KABLA ya kuicheza. Inua rili uitazame ubavuni, taa ikiwa nyuma yake. Mwanga ukipenya, yumkini tepu ni ya asetati, plastiki ya zamani. Iliyochakaa hunuka siki. Usipopenya, huenda ni poliesta, plastiki nyingine, na nyingi za miaka ya 1970 na 1980 zina gundi inayonyonya unyevu. Ukiicheza inapiga kelele kali na kuacha uchafu wa kahawia kwenye kichwa. Uchafu huo ndio sauti yenyewe, kwa hiyo zima papo hapo. Dawa ni kuipasha kwa nyuzi 50 hivi za Selsiasi, saa 8 au zaidi, kwenye kifaa chenye joto lisiloyumba. Ipoe kabisa, kisha inakili mapema, maana nafuu hiyo haidumu. Asetati HAIPASHWI. Tanuri la jikoni hapana, maikrowevu ndiyo kabisa usithubutu.

4. Nakili kwenye kompyuta kwa 96 kHz (sampuli 96,000 za sauti kwa sekunde), biti 24, faili ya WAV, isiyobanwa. Video hutumia 48 kHz, nusu yake kamili.

5. Faili ghafi isiguswe. Safisha nakala, tena kwa kiasi. Unapokata maneno, ukimya wa ghafla unamshtua msikilizaji kuliko kelele ya tepu; chukua sekunde chache za kelele ya tepu pasipo maneno uzitandaze chini ya mikato.

6. Omba haki mbili: ya wimbo na ya rekodi.

Maswali

— Mkuu, tanuri la jikoni nikilisimamia mwenyewe?
Namba 3.

— Rekodi ni ya zamani sana, si bure hiyo?
“Zamani” si sheria. Marekani, zilizotolewa kabla ya 1923 zilikuwa huru, yaani bila hakimiliki, tangu 1 Januari 2022. Kwingine soma sheria ya huko. Na rekodi ikiwa huru, wimbo unaweza usiwe.

— Mzee anayehojiwa anasikika kama kijana. Nitajuaje kasi sahihi?
Swali zuri hili. Tafuta mvumo wa umeme, ule mngurumo wa chini unaoingia kwenye rekodi kutoka nyaya za umeme, kwenye faili ghafi. Kama umeme wa mahali pale ni wa 50 Hz (mitetemo 50 kwa sekunde) nawe unapima 52, tepu inakimbia kwa asilimia 4. Ndiyo maana mvumo hauondolewi mwanzoni. Usione haya, hata wataalamu hukosea: rekodi ya Mfaransa Scott de Martinville, mwanzilishi wa kunasa sauti, ya 1860 ilipochezwa 2008 ilisikika kama msichana. Baadaye ikabainika kasi ilikuwa maradufu, na mwimbaji ni mwanamume.

— Ahsante sana. Na santuri za 78 (zile za zamani za mizunguko 78 kwa dakika), nizifute kwa spiriti?
Hapana! Nyingi ni za shelaki, utomvu mgumu, nayo huyeyuka kwenye alkoholi. Maji yaliyochujwa kwa mvuke na tone la sabuni laini, usiloweshe lebo. Halafu badili sindano: mifereji yake inataka ncha ya mikroni 75 hivi, ile ya santuri za LP (za vinaili, zilizokuja baadaye) inakwaruza chini tu na kukuletea mchakacho mtupu.