Afisa wa Serikali Akikaidi Amri ya Mahakama Nchini Kenya: Namna ya Kumwajibisha

Aliyeishinda serikali ya Kenya mahakamani hawezi kutuma madalali wakayabebe magari ya wizara, kwa kuwa kifungu cha 21 cha Sheria ya Kesi Dhidi ya Serikali kinazuia mali yake kukamatwa, na kinga hiyo inazihusu serikali za kaunti pia. Njia iliyobaki inampitia afisa mhasibu, yaani mtu anayewajibika kwa fedha za ofisi hiyo, ambaye kwenye wizara ni katibu wake.

Ikiwa umeamriwa kulipwa fedha, subiri siku 21 zipite, au gharama za kesi zikadiriwe endapo zinahitaji kukadiriwa, kisha uombe cheti cha amri kutoka mahakamani na uhakikishe kimemfikia afisa huyo. Asipolipa, omba Mahakama Kuu imwamuru atimize wajibu wake kisheria. Amri hiyo ya pili ndiyo inayokaidiwa, na wanaoiruka kwa haraka ya kumwona katibu akipelekwa jela hurudishwa walikoanzia. Amri ya kutenda au kuacha jambo, kama vile kumfikisha mtu mahakamani au kusimamisha ubomoaji, haina mzunguko huu.

Jitayarishe zaidi upande wa ushahidi, maana uhuru wa mtu umo hatarini na mahakama, tangu uamuzi wa kesi ya Mutitika wa mwaka 1985, hutaka uthibitisho mzito kuliko wa kesi ya kawaida ya madai, ingawa haufiki kile kiwango cha jinai. Onyesha kwamba maneno ya amri hayana utata, kwamba afisa aliijua, na kwamba aliivunja kwa makusudi. Mkabidhi yeye mwenyewe nakala yenye ilani ya adhabu, upate muhuri wa ofisi yake, na aliyeipeleka aape kiapo. Ni kweli kwamba Mahakama ya Rufani iliamua mwaka 2015, katika kesi ya Shimmers Plaza, kuwa kuifahamu amri kunatosha hata bila kukabidhiwa, lakini sioni busara ya kuutegemea uamuzi huo wakati muhuri unapatikana.

Ombi la kutaka afisa aadhibiwe kwa kudharau mahakama limtaje mtu kwa jina pamoja na cheo chake. Msingi wake ni kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, kwani Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, iliyodai notisi ya siku 30 kabla ya kuwashtaki maafisa wa serikali, ilibatilishwa na Mahakama Kuu mwaka 2018.

Vyeo havimkingi mtu. Machi 2018, Jaji George Odunga aliwatoza Fred Matiang'i, waziri wakati huo, na wenzake wawili faini ya shilingi 200,000 kila mmoja katika suala la Miguna Miguna, mwanasiasa aliyefukuzwa nchini. Septemba 2024, Gilbert Masengeli, wakati huo kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, alihukumiwa kifungo cha miezi sita kwa kutofika mahakamani, adhabu iliyoondolewa alipofika na kuomba radhi. Hivyo ndivyo mambo mengi ya aina hii huishia: afisa hutii dakika ya mwisho, au wakili wake huleta mpango wa kulipa kwa awamu, ambao ni afadhali urekodiwe kama amri ya mahakama.

Afisa akihamishwa kesi ikiendelea, mkabidhi mrithi wake nyaraka zote upya.