Jinsi ya Kukagua Hesabu ya Fidia Serikali Inapotwaa Ardhi Yako

Ibara ya 24 ya Katiba ya Tanzania inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila idhini ya sheria inayoweka masharti ya fidia inayostahili, na Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia hiyo iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Mwananchi aliyeoneshwa jumla peke yake hawezi kujua kama amepewa haki hiyo, kwa sababu jumla hutokana na vipengele kadhaa, na kila kipengele kina kanuni yake iliyotungwa mwaka 2001. Kwa hiyo, kabla ya kutia saini, omba kwanza mchanganuo.

Anza na ardhi yenyewe. Kwa miaka mingi ardhi tupu haikuhesabiwa kuwa na thamani, na kilicholipwa ni nyumba, miti na mazao; sheria ya 1999 iliweka msingi kwamba ardhi ina thamani na lazima izingatiwe katika fidia. Asikudanganye mtu kwamba shamba la urithi lisilo na hati halistahili kitu, kwani tangu 1994 Mahakama ya Rufani iliamua, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, kwamba haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba.

Thamani ya soko hutafutwa kwa kulinganisha mauzo halisi ya karibuni ya mali zinazofanana, au kwa kupima mapato ambayo mali inaingiza. Gharama za kujenga upya zimewekwa kwa ajili ya mali ya aina ya pekee isiyouzika sokoni. Naona hapa ndipo penye hatari kubwa ya kupunjwa: nyumba ya kawaida ikikadiriwa kwa gharama za ujenzi, kisha ikakatwa uchakavu, mwenye nyumba kuukuu hupewa fedha zisizotosha kununua nyingine ya namna hiyo. Kusanya mapema nakala za mikataba ya mauziano ya viwanja vya jirani, hasa iliyoshuhudiwa na serikali ya mtaa au kijiji, umkabidhi mthamini, yaani mtaalamu anayekadiria thamani ya mali, kwa barua na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Kisha kagua posho. Tuchukue mfano wa nyumba na kiwanja vyenye thamani ya shilingi 40,000,000. Posho ya usumbufu ni thamani hiyo ikizidishwa kwa wastani wa riba ambayo benki za biashara hutoa kwa amana za miezi 12. Riba ikiwa asilimia 8, posho ni shilingi 3,200,000. Posho ya makazi ni kodi ya soko ya mwezi mara 36, hivyo nyumba inayoweza kupangishwa kwa shilingi 100,000 huleta 3,600,000. Mwenye biashara huhesabiwa faida halisi ya mwezi mara 36, na asiye na daftari la mauzo wala hesabu zilizokaguliwa hupata taabu kuithibitisha. Posho ya usafiri ni gharama ya kusafirisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20. Ardhi isiyokaliwa haipewi posho ya makazi, ya usafiri wala faida ya biashara.

Siku ya uthamini uwepo mwenyewe, au uwakilishwe na mtu anayejua mipaka, kila jengo, kisima na mti wa kudumu. Usitie saini fomu yenye nafasi tupu, hata ukiambiwa zitajazwa ofisini.

Angalia pia tarehe ambayo Mthamini Mkuu wa Serikali aliidhinisha uthamini. Malipo yasipofanyika ndani ya miezi 6 tangu hapo, fidia huanza kuzaa riba kwa kiwango cha wastani cha benki za biashara, na ikipita miaka 2 bila malipo uthamini hupoteza nguvu, hivyo mali hupaswa kuthaminiwa upya kwa bei za wakati huo.

Usiporidhika, andika pingamizi linalotaja kipengele kwa kipengele kiasi kilichowekwa, kiasi unachodai na ushahidi wake. Mgogoro usipopata suluhu hupelekwa Mahakama Kuu, na kwa kuwa anayeshtakiwa ni Serikali, lazima kwanza itolewe notisi ya siku 90. Muone wakili mapema, kabla nyumba haijabomolewa, ili mthamini wa kujitegemea aikague ikiwa bado imesimama.