Somo: Usiwaharakishe Wapendanao

Hadithi yangu ya kwanza ya mapenzi niliiandika nikijiona bingwa. Ukurasa wa pili tu, Bakari ashamwambia Zuhura "nakupenda". Dadangu akafika hapo, akanirudishia daftari: "Si washapatana? Sasa mimi nasoma nini tena?"

Hatua ya 1. Kila mmoja awe na haja yake kabla hawajaonana. Zuhura anauza leso Mtaa wa Biashara, analipa deni aliloacha marehemu babake. Bakari anangoja kazi ya meli.

Hatua ya 2. Kizuizi kitoke ndani yao. Baba mkali na mahari makubwa tumevisoma hadi tumechoka. Zuhura alimwona mamake akingoja mume wa baharini miaka na miaka, akaapa haolewi na baharia. Hapo hakuna wa kulaumiwa, na ndipo panapouma.

Hatua ya 3, yenye kazi hasa. Mapenzi yaonekane mikononi kabla ya mdomoni. Leso, mwajua, huuzwa doti, vipande viwili havijakatwa, na kila kimoja kina jina lile lile, yaani ule msemo ulioandikwa juu yake:

"Nataka leso ya mamangu."
"Wiki hii ya tatu. Mamako ana mabega mangapi?"
Zuhura alipekua rundo, akapita mbili, akamtolea moja. Bakari alilisoma jina kimya.
"Nikatie hapa kati."
Akalipa. Kipande kimoja akakitia kwapani, cha pili akakiacha juu ya meza.

Hatua ya 4. Wakutanishe penye shughuli. Feri ya Likoni naipenda kuliko ufuo wa machweo: kuvuka ni dakika chache, watu wamebanana, basi maneno lazima yachaguliwe.

Maswali ya wanachama

— Mwalimu, mhusika wangu wa kike kila nikimwandika anakuwa malaika.
Mpe kosa, ndugu yangu. Amdanganye mtu mmoja, tena ajue amedanganya.

— Lazima mwisho waoane?
Si lazima. Lakini wakiachana, waachanishwe na walichochagua wenyewe, si ajali ya matatu uliyoileta kwa kuwa umechoka kuandika.

— Ile leso ilikuwa na jina gani?
Dadangu kaniuliza vivyo hivyo. Na safari hii daftari hajanirudishia.